Kesi Iliyokufa na Mahakama Isiyoweza Kuizika

Mtu akifa, jamaa zake humzika. Hapana nyumba ya watu wenye akili timamu iwekayo maiti sebuleni mwezi baada ya mwezi, watu wakaingia na kutoka, na kila aulizwaye kwa nini hazikwi akajibu kwamba mwenye amri ya kuita wachimba kaburi yuko mji mwingine. Jambo lisilofanywa nyumbani lafanywa mahakamani. Ziko kesi za jinai, hasa zile ziitwazo za utekaji na utoroshaji wa wanawake, ambazo hufa mapema, pengine siku ile ile mwanamke mwenyewe afunguapo kinywa chake. Na zikisha kufa huendelea kuitwa, kuahirishwa na kuitwa tena, kwa sababu hakimu aliyezikalia hana amri ya kuzimaliza kabisa. Amri hiyo imewekwa katika ofisi nyingine. Hoja itetewayo hapa ni moja: amri ya kumaliza kesi ya namna hii ni haki ya mahakama, na mahakama iitumie hadharani, baada ya kumsikiliza yule ambaye yasemwa kuwa alichukuliwa.

Na ufikiriwe mfano ambao si habari ya mtu fulani, lakini hautamshangaza mwenyeji yeyote wa Morogoro. Kihonda ni kata ya Manispaa ya Morogoro, kando ya barabara iendayo Dodoma. Ina eneo la viwanda, ina nyumba nyingi za kupanga, na mtu asimamapo uani huiona milima ya Uluguru imejiinamia juu ya mji. Vijana hushuka kutoka Mgeta na Matombo wakiwa na mizigo midogo, wakaja kutafuta kazi. Binti wa miaka 19 ashuka kutoka Mgeta, apata kibarua kiwandani, akutana na kijana fundi wa pikipiki, nao waafikiana kuoana. Mjomba wa binti akubali posa. Baba akataa, kwa kuwa mahari hayakupitia mkononi mwake. Waluguru, kama ijulikanavyo, huhesabu ukoo kwa upande wa mama, na neno la mjomba katika mambo ya mpwa wake lina uzito mkubwa. Walakini baba naye ni baba, na hasira yake haipungui kwa kuambiwa habari za ukoo. Basi baba huyo ashuka mjini, aingia kituo cha polisi, asema maneno matatu: "Binti yangu ametekwa."

Maneno hayo yakisha kuandikwa katika jalada, huwa na maisha yao wenyewe. Kijana akamatwa. Hati ya mashtaka yasomwa, naye akana. Siku ya kusikilizwa yapangwa. Mwezi wa nne wazee wakutana, mahari yalipwa, baba apokea sehemu yake, chai yanywewa, ugomvi wakwisha. Baba hana tena haja ya kwenda mahakamani, wala haendi. Mwanasheria wa serikali asema shahidi hakufika. Mara nyingine hakimu yuko likizo. Mara nyingine jalada limepelekwa kwa wakubwa lisomwe. Kijana hufika kila tarehe pamoja na wadhamini wake, akaacha kazi yake, akalipa nauli, akasimama kizimbani, akasikia tarehe mpya.

Na binti yuko wapi? Yuko nje, chini ya mti, mtoto mgongoni. Jina lake limo katika orodha ya mashahidi wa upande wa mashtaka, na shahidi haruhusiwi kukaa ndani kabla ya kutoa ushahidi wake. Kwa hiyo mtu pekee duniani ajuaye kama alitekwa au hakutekwa ndiye mtu pekee asiyeruhusiwa kuingia. Wahenga walisema kwamba asiyekuwepo na lake halipo. Hapa yuko, yu hatua 20 kutoka mlangoni, na lake halipo.

Sasa na itazamwe sheria yenyewe, maana wako watu wasemao kwamba mambo haya ni ya mila tu na sheria haina kosa. Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16 ya Sheria za Tanzania, haikuchanganya mambo kama watu wayachanganyavyo. Lipo kosa la kumchukua au kumzuia mwanamke bila hiari yake kwa nia ya kumwoa au kumwingilia, au ili aolewe na mtu mwingine. Adhabu yake ni kifungo cha miaka 7. Lipo kosa la kumtoa msichana asiyeolewa, aliye chini ya miaka 16, katika ulinzi wa baba au mama au mlezi wake bila ya ridhaa yao. Na lipo kosa la kumnyang'anya mlezi halali mtoto wake, akiwa mvulana wa chini ya miaka 14 au msichana wa chini ya miaka 16. Katika kosa la kwanza kitu kinachopimwa ni hiari ya mwanamke mwenyewe. Katika mengine kitu kinachopimwa ni ridhaa ya wazazi, kwa sababu mtoto hana ridhaa ya kutoa.

Tofauti hii ndiyo roho ya jambo lote. Mwanamke wa miaka 19 akisema, "Nilikwenda kwa miguu yangu," shtaka la kumteka halina mguu wa kusimamia. Hasira ya baba haiwezi kujaza nafasi ya hiari ya binti. Mahari nayo haiwezi. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 yasema kwamba ndoa si ndoa pasipo hiari ya waoanao wenyewe. Yadai ridhaa ya mzazi kwa binti aliye chini ya miaka 18, lakini haimdai aliyetimiza umri huo. Tena yasema wazi kwamba ndoa haibatiliki kwa sababu desturi ya mahari haikutimizwa. Basi kesi ya Kihonda ilikuwa maiti tangu asubuhi yake ya kwanza. Aliyekosa ni nani, ikiwa haikuzikwa?

Wa kwanza kutazamwa ni Mkurugenzi wa Mashtaka, maana mlango mkubwa wa kutokea ni wake. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985, katika kifungu kilichojulikana kwa miaka mingi kuwa cha 91, ilimpa uwezo wa kuiondoa kesi yoyote, wakati wowote kabla ya hukumu, kwa kuiarifu tu mahakama kwamba Jamhuri haina nia ya kuendelea. Hakulazimishwa kutaja sababu. Hakimu akiarifiwa, hana la kufanya ila kumwachia mshtakiwa. Asipoarifiwa, hana la kufanya ila kupanga tarehe nyingine. Tena kuachiwa huko hakukuwa mwisho, kwa kuwa sheria ile ilisema si kizuizi cha mtu kushtakiwa upya kwa mambo yale yale. Kwa miaka mingi watu wa nchi hii walizoea kuona mshtakiwa akiachiwa ndani na kukamatwa nje, kabla hajavuka ua wa mahakama. Bunge lilifanya marekebisho mwaka 2022, likaweka kanuni kwamba mashtaka yasipelekwe mahakamani kabla ya upelelezi kukamilika, isipokuwa kwa makosa makubwa. Rekebisho hilo ni jema na lastahili kusifiwa. Lakini lalinda mlango wa kuingilia. Mlango wa kutokea bado ufunguo wake hauko mkononi mwa hakimu.

Mlango wa pili ni wa siku. Sheria hiyo hiyo ilikataza kesi nyingi kuahirishwa kwa jumla ya siku zaidi ya 60 pasipo hati ya mkuu wa upelelezi wa mkoa. Hati nyingine zikiletwa kutoka juu, muda huo uliweza kufika miezi 24. Hati zikikosekana, na upande wa mashtaka ukashindwa kuendelea, mahakama humwachia mshtakiwa. Walakini kuachiwa huku nako si kizuizi cha kushtakiwa tena. Mlango wa tatu ni wa kukosa kesi ya kujibu. Huu humtoa mtu akiwa huru kweli kweli, lakini haufunguliwi mpaka upande wa mashtaka uwe umeleta mashahidi wake na kufunga ushahidi. Na kesi ambayo mashahidi wake wamekwisha kupatana na kurudi shambani haifiki hapo upesi. Mlango wa nne ni wa suluhu. Huo ni mdogo; uliwekwa kwa ajili ya makosa mepesi baina ya mtu na mtu, tena kwa idhini ya mwendesha mashtaka, na kosa lenye kifungo cha miaka 7 halipenyi.

Labda atatokea mtu aseme kwamba iko Mahakama Kuu, nayo ina uwezo wa kuita majalada ya mahakama za chini na kusahihisha makosa. Ni kweli. Lakini sheria iliuwekea uwezo huo ukuta: maombi ya mapitio hayakubaliwi juu ya amri ya katikati ambayo haimalizi shtaka. Na kuahirisha ni amri ya katikati. Basi mtu aliyeahirishiwa kesi mara 9 hana amri hata moja ya kulalamikia, kwa sababu ubaya aliotendewa ndio huo huo wa kutopewa amri yenye mwisho.

Linganisha na mashauri ya madai. Sheria ya Mwenendo wa Madai yakiri kwa maandishi kwamba mahakama ina uwezo wake wa asili wa kutoa amri zihitajikazo kwa ajili ya haki na kuzuia mwenendo wake usitumiwe vibaya. Shamba la migomba likigombaniwa, hakimu ana uwezo huo. Uhuru wa mtu ukigombaniwa, sheria ya jinai yanyamaza. Ni ajabu kwamba migomba ilindwe kwa maneno ambayo mwanadamu hakupewa.

Ajabu hii haikubaliani na Katiba ya nchi. Ibara ya 107A ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano yasema kwamba mamlaka yenye kauli ya mwisho katika utoaji wa haki ni mahakama. Yaagiza mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi, zikuze usuluhishi baina ya wanaogombana, na zisifungwe na mambo ya kiufundi yawezayo kuikwamisha haki. Ibara ya 59B nayo yamtaka Mkurugenzi wa Mashtaka azingatie nia ya kutenda haki, kuzuia matumizi mabaya ya taratibu za utoaji haki, na maslahi ya umma. Basi Katiba imemwambia mkurugenzi azuie matumizi mabaya. Asipoyazuia, ni nani atakayeyazuia? Ikiwa jibu ni "hakuna", yale maneno ya kauli ya mwisho ni mapambo.

Hata lugha yashuhudia upungufu huu. Mwaka 2021 Bunge lilipitisha sheria iliyokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama, na kila mpenda lugha alifurahi. Lakini tazama maneno mawili yatumikayo kila siku katika jambo hili. Mshtakiwa "huachiwa", na mshtakiwa "huachiwa huru". Kwa sikio la mwananchi wa kawaida maneno haya ni mamoja, na anayeyasikia hukumbatiana na nduguze kwa furaha ile ile. Kwa sheria yana umbali mkubwa: wa kwanza ameambiwa aende zake mpaka atakapoitwa, wa pili amemaliza. Neno moja dogo, "huru", limebeba maisha ya mtu, na mtu mwenyewe hajui kama alipewa au alinyimwa. Vivyo hivyo "kuteka" na "kutorosha". Anayeteka hutumia nguvu au hila juu ya asiyetaka. Anayetoroka na mpenzi wake ametenda jambo ambalo wazazi waweza kulichukia, na jamii yaweza kulitoza faini ya mbuzi, lakini hapana aliyetekwa. Baba wa Mgeta alisema "ametekwa" kwa kuwa neno hilo ndilo liamshalo askari. Mahakama ndiyo yenye kazi ya kuyapima maneno, nayo haiwezi kuyapima ikiwa msemaji wake mkuu ameachwa chini ya mti.

Wapingao hoja hii wana neno zito, na si haki kulipita. Wasema: mkiipa mahakama uwezo wa kumaliza kesi za utekaji kwa sababu watu wamepatana, mtawapa wakorofi soko. Mtu atamnajisi mtoto wa miaka 14, kisha atapeleka ng'ombe wawili kwa baba yake, na wote watakwenda kwa hakimu wakicheka. Neno hili ni la kweli. Kumalizana nyumbani kumewaficha wakosaji wengi, na mtoto ndiye aliyelipa gharama. Nchi yenyewe imechelewa kuona: Sheria ya Ndoa ya 1971 iliruhusu msichana wa miaka 15 kuolewa kwa ridhaa ya wazazi, mpaka Mahakama Kuu mwaka 2016, katika shauri la Rebeca Gyumi, ilipotamka kwamba vifungu hivyo vyapingana na Katiba na kuipa serikali mwaka 1 kuvirekebisha, na Mahakama ya Rufani ikaithibitisha hukumu hiyo Oktoba 2019. Kwa upande mwingine, sheria ya mwaka 1998 juu ya makosa ya kujamiiana iliweka kifungo kisichopungua miaka 30 kwa kosa la kubaka, na mwaka 2016 Sheria ya Elimu ikarekebishwa ili amwoaye au ampaye mimba mwanafunzi apate kifungo cha miaka 30. Mambo haya hayamalizwi kwa ng'ombe wala kwa chai.

Lakini neno hilo, likichunguzwa vema, laitetea hoja badala ya kuipinga. Kwani leo kesi za watoto hazifi? Zafa, tena kimya kimya. Baba akisha kulipwa, shahidi hafiki. Shahidi asipofika, tarehe huahirishwa. Tarehe zikichosha, mashtaka huondolewa kwa karatasi isiyo na sababu. Hapana hakimu aliyemwita mtoto faraghani akamwuliza. Hapana aliyedai cheti chake cha kuzaliwa. Hapana aliyeandika kwa nini. Karatasi ile ile imwachiayo fundi wa Kihonda asiye na kosa ndiyo imwachiayo mnajisi mwenye ng'ombe, na mtazamaji hawezi kuzipambanua, maana hazisemi neno. Mlango unaofungwa gizani hauchagui nani atoke.

Na mambo ya miaka ya karibuni yaongeza uzito. Oktoba 11, 2018, mfanyabiashara Mohammed Dewji alitekwa Dar es Salaam alipokwenda mazoezini hotelini, akapatikana baada ya siku 9. Septemba 2024 Ali Mohamed Kibao, mzee wa chama cha CHADEMA, alishushwa katika basi na watu wenye silaha; siku iliyofuata mwili wake ukaonekana Ununio. Huo ndio utekaji, na jina hilo ni lake. Nchi ambayo askari wake, waendesha mashtaka wake na mahakimu wake wanazitumia siku zao kuahirisha kesi za wachumba waliogombana na wazazi, ina siku chache zaidi za kuwatafuta watekaji wa kweli. Anayedhani kwamba kuzika kesi iliyokufa ni kuwapendelea wahalifu na azitazame saa za kazi za mpelelezi mmoja wa wilaya, kisha aseme angependa zitumike wapi.

Wako pia wasemao kwamba jambo hili ni geni, kwamba hakimu si mwendesha mashtaka, na kila mmoja abaki kwake. Si geni hata kidogo. Mwaka 1964 majaji wa Baraza la Malodi la Uingereza, katika shauri la Connelly, walikiri kwamba mahakama ina uwezo wake wenyewe wa kuzuia mwenendo wa jinai usitumiwe kuonea watu. Mwaka ule ule wa 1964 Mahakama Kuu Kabisa ya India, katika shauri la Varadarajan, ilimwachia huru kijana aliyetiwa hatiani kwa kumteka msichana wa chuo aliyekaribia miaka 18. Ilisema kwamba kumchukua binti ni jambo moja, na kumruhusu afuatane nawe alipokwisha kuondoka kwao kwa akili yake ni jambo jingine. Shauri hilo lapaswa kusomwa Tanzania kwa makini, kwa kuwa Tanganyika ilitawaliwa kwa Kanuni ya Adhabu ya Kihindi kabla ya kupata kanuni yake mwaka 1930. India haikuishia hapo. Sheria yake ya mwenendo wa jinai ya mwaka 1973 ilizihifadhia Mahakama Kuu uwezo wa asili wa kufuta mashtaka ili kuzuia uonevu, na sheria mpya ya mwaka 2023 imeuacha uwezo huo mahali pake. Mwaka 2012, katika shauri la Gian Singh, mahakama ya juu ya huko ilieleza mipaka: mapatano ya watu yaweza kuwa sababu ya kufuta kesi iliyo ya mtu na mtu, si ya makosa mazito kama kuua na kubaka.

Majirani nao wametangulia. Katika miaka ya 1980 Mahakama Kuu ya Kenya, katika shauri la Githunguri, ilizuia mtu asishtakiwe kwa jambo la miaka mingi nyuma baada ya Mwanasheria Mkuu kuwa amekwisha kuamua kwamba hatashtakiwa. Ilisema kufanya hivyo ni kuutumia vibaya mwenendo wa mahakama. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, ibara ya 157, yaenda mbele zaidi: Mkurugenzi wa Mashtaka hawezi kuondoa kesi bila ruhusa ya mahakama. Na hapa Tanzania penyewe, Novemba 2000, Mahakama ya Rufani katika shauri la Machano Khamis Ali na wenzake 17 ilitamka kwamba kosa la uhaini haliwezi kutendwa dhidi ya Zanzibar. Washtakiwa walikuwa wamewekwa rumande zaidi ya miaka 2 kwa shtaka ambalo halikuwapo katika sheria. Nchi iliyokwisha kuona jambo hilo haiwezi kusema kwamba haijui kesi inayozaliwa ikiwa imekufa hufananaje.

Basi kitakiwacho si kikubwa. Bunge na liandike katika Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai maneno ambayo sheria ya madai inayo tayari: kwamba mahakama ina uwezo wa kumaliza kesi ambayo kuiendeleza ni kuutumia vibaya mwenendo wake. Uwezo huo na uwekwe Mahakama Kuu, nayo isiwe mbali na watu. Morogoro ilipata Kituo Jumuishi cha Utoaji Haki, kimoja katika sita vilivyozinduliwa mwaka 2021, na mtu wa Kihonda hahitaji tena kwenda Dar es Salaam kumtafuta jaji. Hakimu wa wilaya aonaye kesi imekufa na awe na njia ya kuipeleka huko mwenyewe, asingoje mshtakiwa apate fedha ya wakili.

Na kwa kesi za utekaji na utoroshaji yawekwe masharti yasiyovunjika. Kwanza, asemwaye kuwa alichukuliwa asikilizwe na jaji mwenyewe, faraghani, baba asiwepo na mume asiwepo, maana mwanamke aliye baina ya fahali wawili husema lile la aliye karibu. Pili, umri wake uthibitishwe kwa cheti, au kwa kumbukumbu ya kliniki au ya shule, usikubaliwe kwa kauli ya mdomo. Tatu, akiwa chini ya miaka 18, au ikionekana nguvu, tisho au fidia, uwezo huo usitumike kamwe, hata wazee 100 wakija na suluhu yao. Nne, sababu ziandikwe na kusomwa hadharani. Tano, kesi ikimalizwa hivyo imalizike. Mtu asikamatwe tena kwa mambo yale yale. Na sita, lililo sawa na hayo kwa upande wa pili: Mkurugenzi wa Mashtaka atakapo kuiondoa kesi ya utekaji, aombe ruhusa ya mahakama na kutaja sababu, ili kesi iliyo hai isizikwe pamoja na zilizokufa.

Sharti hilo la mwisho lisipokubaliwa, mengine hayafai sana. Madhumuni si kumwongezea hakimu heshima wala kumpunguzia mkurugenzi cheo. Madhumuni ni kwamba kila kesi ya mtu aliyechukuliwa, imalizwe kwa kufutwa au kwa kuhukumiwa, imalizwe mbele ya watu na baada ya yule mtu kuulizwa. Tume iliyoongozwa na Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman ilitoa ripoti yake juu ya taasisi za haki jinai mwaka 2023, na tangu hapo maneno ya kurekebisha haki jinai yamekuwa mdomoni mwa kila kiongozi. Wakati wa kuyatia maneno hayo katika sheria ndio huu.

Yule mwanamke wa Kihonda hakuomba fidia wala hakuomba mtu aadhibiwe. Anachotaka ni kuitwa ndani mara moja, aulizwe swali moja, alijibu, na jibu lake liwe na mwisho. Mahakama isiyoweza kumpa hilo haijakosa hakimu, wala jengo, wala Katiba. Imekosa kifungu kimoja cha sheria, na Bunge laweza kukiandika katika kikao kimoja.